Kasha la Utepe wa Kijani

Nchi yenyewe haitatajwa hapa, kwa kuwa ilikwisha kupitisha sheria kwamba anayeitaja sharti azitaje kwanza sifa zake zote, na karatasi ni ghali. Inatosha kusema kwamba ilikuwa nchi yenye haki nyingi mno. Haki ilipakwa rangi kwenye kuta za ofisi, ikachapwa kwenye stempu, na ikachongwa kwa herufi za dhahabu juu ya mlango wa Mahakama Kuu ya Rufaa: MAHAKAMA HII ITAUPITIA UPYA USHAHIDI WOTE, ITAUPIMA YENYEWE, NA ITAFIKIA UAMUZI WAKE YENYEWE. Kila asubuhi, kabla ya kuketi, majaji watatu waliyaimba maneno hayo kwa sauti tatu, mkono kifuani. Wageni kutoka nchi jirani walilia waliposikia, wakaenda kwao wakasema kwamba wameona nchi.

Wenyeji hawakulia. Wenyeji walikuwa na kesi humo ndani.

Hatua mia nne na kumi na mbili

Fundi Hatibu Mlekwa alikuwa fundi wa kuwamba viti na vitanda. Surua ilimpofusha akiwa na umri wa miaka sita, na tangu miaka saba hadi kumi na tisa alilelewa katika shule ya bweni ya wasioona, ambayo mkuu wake alikuwa na kanuni moja tu: mwenye hoja husimama, mwenye kuomba huruma hukaa. Fundi Hatibu hakuwahi kukaa. Serikali ilipotaka viti vya kuwatuliza majaji wa rufaa, ni yeye aliyeviwamba vyote vitatu, kwa ukindu uliosokotwa nyuzi mbilimbili, katika fremu za mninga zenye vichwa vya simba vilivyochongwa kwenye mikono. Kila kimoja kilikuwa na uzito wa kitanda cha watu wawili.

Nyumba yake ilisimama kwenye ncha ya kilima, korongo likiizunguka pande tatu. Upande wa nne ndipo ilipopita njia. Kutoka kizingitini mpaka barabara kuu zilikuwa hatua mia nne na kumi na mbili, naye alizijua kama mtu anavyoyajua meno yake kwa ulimi. Hatua ya arobaini palikuwa na mzizi wa mkorosho. Hatua ya mia moja na tisa palikuwa na jiwe lenye kishimo katikati, kilichochimbwa na visigino vya watu waliopita kabla hajazaliwa. Hatua ya mia tatu hewa ilibadilika, ikaanza kunuka vumbi la magari. Kwa miaka thelathini na minane alitoka na kurudi peke yake, mkono mmoja fimboni, mwingine umebeba kigoda cha mteja, bila kumwomba mtu yeyote bega. Watu wengine walikuwa na njia ya kwenda kwao. Yeye njia ile ilikuwa ndiyo macho yake.

Kisha shamba lililopitiwa na njia likanunuliwa na Mheshimiwa Domisiani Kilongola, Naibu Waziri wa Barabara, Vivuko na Mapito.

Mheshimiwa alifuga tausi, na daktari wa tausi alimshauri kwamba ndege hao hawapendi watu wa kawaida wapitepite. Asubuhi moja Fundi Hatibu alitoka na kigoda, akahesabu mzizi wa mkorosho, akahesabu mawe, na hatua ya mia moja na tisa ikampiga usoni. Alipapasa. Ilikuwa tofali, na saruji bado ilikuwa mbichi.

Upande wa pili kulikuwa na bendi, kwa maana ukuta ulikuwa unazinduliwa.

"Ndugu wananchi," alisikika Mheshimiwa Kilongola, "maadui wetu husema kwamba Wizara yangu haijengi. Leo nawajibu kwa tofali elfu kumi na mbili. Nchi isiyojua pa kuishia haijui pa kuanzia. Ukuta huu ni barabara iliyosimama wima."

Watu wakapiga makofi. Fundi Hatibu alisubiri makofi yaishe, kisha akagonga ukuta mara tatu kwa fimbo, kama agongaye mlango wa mtu. Bendi ikaanza upya.

Mdai hakuiangalia Mahakama

Alikwenda mahakamani kwa kupita korongoni, akiwa amefungwa kamba kiunoni, mkewe Bi Tabia akiishika ncha ya pili. Walishuka saa nzima na kupanda saa nzima.

"Vuta taratibu," alisema Fundi. "Mimi si beberu."

"Beberu angelalamika kidogo," alisema Bi Tabia. "Weka mguu kushoto. Huko siko kushoto, Fundi, huko ni ahera."

Alimjibu kwa kicheko, lakini usiku ule aliivua kamba ile kiunoni na kuitupa mbali, na Bi Tabia akamwona akiuosha mwili mahali ilipokuwa imemkaa, akauosha na kuurudia.

Mahakama ya mwanzo ilikuwa chini ya Hakimu Kasiano Mtepa, mtu mpole aliyependa kuandika. Fundi Hatibu alileta vielelezo viwili. Cha kwanza kilikuwa hati ya mauzo ya lile shamba, ambamo muuzaji alikuwa ameandika: *isipokuwa njia ya miguu yenye upana wa hatua mbili, iendayo kwa Fundi Hatibu, ambayo haitazibwa na yeyote.* Chini yake palikuwa na saini ya mnunuzi, Mheshimiwa Kilongola, saini kubwa kiasi kwamba mkia wake ulipita juu ya neno *haitazibwa*. Cha pili kilikuwa ramani ya mpima ardhi, yenye mstari wa nukta nukta kutoka barabarani hadi kizingitini. Hakimu Mtepa akasema kwamba ataongeza cha tatu yeye mwenyewe: atafika mahali penyewe na kuandika alichokikuta. Kweli alifika. Kwa heshima yake Mheshimiwa alikuwa ametoboa kilango katika ukuta kwa siku hiyo moja. Fundi alimsikia Hakimu akija hatua kwa hatua, akamsikia akijikwaa kwenye mzizi wa mkorosho, akaisikia kalamu ikikwaruza karatasi. Hakimu alikunywa maji, akashukuru, akarudi alikotokea. Jioni kilango kikazibwa.

Wakili wa Mheshimiwa alisimama kumhoji.

"Fundi, hiyo njia unayoidai ina rangi gani?"

"Sijui."

"Umewahi kuiona?"

"Sijawahi. Nimeipita miaka thelathini na minane."

"Mheshimiwa Hakimu, naomba iingie kwenye kumbukumbu kwamba shahidi anadai kitu ambacho hajawahi kukiona."

"Imeingia," alisema Hakimu.

"Naomba iingie pia," alisema Fundi Hatibu, "kwamba wakili msomi hajawahi kuliona ini lake, na bado anaishi nalo."

"Hiyo haitaingia."

Hukumu ilisomwa baada ya miezi minne. Haikuitaja hati. Haikuitaja ramani. Ilisema hivi: "Mahakama imewatazama mashahidi nyuso zao, kwa kuwa ukweli hukaa machoni. Mheshimiwa Naibu Waziri aliitazama Mahakama moja kwa moja, kwa ujasiri wa mtu mkweli. Mdai, kwa upande wake, hakuiangalia Mahakama hata mara moja tangu kesi ilipoanza hadi ilipokwisha. Mahakama inajiuliza alikuwa akificha nini. Njia haipo, na haijawahi kuwapo."

Bi Tabia alimshika mumewe mkono, akauona umekuwa mgumu kama fremu.

"Amesema sikumwangalia," alisema Fundi.

"Nimesikia."

"Hakucheka aliposema?"

"Hakucheka mtu," alisema Bi Tabia. "Wameandika."

Fundo

Ni lazima ielezwe hapa desturi moja ya nchi hiyo, kwa kuwa ndiyo iliyoleta mambo yote. Kesi ilipokwisha, hati zote, vielelezo vyote na mwenendo wote wa kesi viliwekwa ndani ya kasha la mbao, na kasha likafungwa utepe wa kijani. Utepe ulikuwa na maana ya hakimu kusema: nimeona, nimesikia, nimemaliza. Kasha hilo ndilo lililopelekwa kwa majaji wa rufaa ili waupime ushahidi upya. Lakini kwa kadiri miaka ilivyopita, kuufungua utepe wa hakimu kulianza kuonekana ufidhuli, sawa na mtu kumpekua mkwewe mifuko. Jaji aliyeufungua aliulizwa na wenzake kama hamwamini ndugu yao. Basi makasha yalipelekwa rufani yakiwa yamefungwa, yakawekwa mezani mbele ya majaji, yakaheshimiwa, kisha yakarudishwa ghalani. Ghala la makasha lilikuwa jengo kubwa kuliko hospitali.

Siku ile ya hukumu, Karani Ndimbo, mzee wa masjala ambaye vidole vyake vilitetemeka kwa maradhi, alihangaika na utepe wa kasha la kesi ya Fundi mpaka jasho likamtoka. Ulikuwa wa hariri, ukiteleza kama kambare.

"Fundi Hatibu," alinong'ona, "wewe mwenye mikono. Nisaidie, Hakimu anataka kwenda kula."

Fundi akaupokea utepe. Kila fundi wa kuwamba ana fundo lake la kumalizia, ambalo halifundishi mpaka siku anapoona kaburi. La Fundi Hatibu lilianzia kushoto, likajipitia chini mara tatu, likameza ncha zake zote mbili. Na kwa mazoea ya maisha yake yote, kabla ya kulikaza, alichomoa unyuzi mmoja wa ukindu mfukoni mwake na kuuzamisha ndani ya fundo, ili liume. Hakufikiria lolote. Mikono ndiyo iliyofanya.

Akakata rufaa.

Majaji wanaupima ushahidi

Mahakama Kuu ya Rufaa iliimba wimbo wake, ikaketi. Fundi Hatibu alivisikia viti vyake vikilia na kuvitambua vyote, kama mzazi anavyotambua vikohozi vya watoto gizani. Kiti cha katikati, cha Jaji Kiongozi Batholomeo Nkungwe, kilikuwa kimelegea sana. Ukindu ulikuwa umekatika safu nne upande wa nyuma. Kiti cha kulia kililia mara moja, kisha kikatulia kabisa, kwa mtulio ambao fundi yeyote anaujua: aliyekalia alikuwa amelala. Cha kushoto kililia kwa zamu, kulia na kushoto, kulia na kushoto, kama mtu ambaye ana miadi.

"Mrufani," alisema Jaji Nkungwe, na sauti yake ilitoka chini, kwa kuwa kiti kilikuwa kimemmeza hadi kifuani, "Mahakama hii tukufu, mama wa wanyonge, mizani isiyotetereka, inakusikiliza. Una dakika saba."

Fundi alisimama. Alikuwa ameyapanga maneno yake njia nzima korongoni.

"Waheshimiwa, sikuja kuomba mniamini. Mtu akiniamini kwa huruma amenitukana. Nimekuja kuomba msome. Ndani ya kasha hilo kuna hati yenye saini ya mtu aliyeniziba. Kuna ramani. Kuna maandishi ya Hakimu aliyefika kwangu kwa miguu yake. Hakimu hakupima hata kimoja. Alipima macho yangu, nami sina. Kama yeye amekosea, sheria imeandikwa juu ya mlango wenu kwamba ninyi mtaupitia ushahidi wote wenyewe. Haikuandikwa kwamba mtaupitia mkitaka. Ninyi ndio mlango wa mwisho. Nyuma yenu kuna korongo tu."

"Maneno mazito," alisema Jaji Nkungwe. "Mahakama imeguswa. Karani, lilete kasha."

Kasha likawekwa mezani. Fundi Hatibu alitega masikio yake yote. Alisikia kiganja kikilipigapiga kifuniko, kwa upole, kama mtu anayemtuliza mtoto. Akasikia likisukumwa kulia. Kiti cha kulia kikashtuka, mtu akasema, "Naam, naafiki." Likasukumwa kushoto. Likarudi katikati.

"Mahakama imelipokea kasha katika roho yake yote," alisema Jaji Nkungwe. "Hukumu itatolewa."

Ilitolewa baada ya mwaka na miezi miwili, na ilikuwa na kurasa themanini na nane. Kurasa sabini na moja zilieleza asili ya rufaa duniani tangu mataifa ya kale. Jaji Nkungwe aliisoma kwa siku mbili, akipumzika kwa chai. Siku ya pili, adhuhuri, alifika ukurasa wa themanini na nane.

"Tumeupitia ushahidi wote upya, ukurasa kwa ukurasa, mstari kwa mstari, kwa jicho la tai na subira ya mchwa. Tumejikumbusha kwamba sisi hatukuwaona mashahidi, bali Hakimu aliwaona, na alimwona mrufani akikwepa macho ya Mahakama. Sisi ni nani tumsahihishe? Njia haipo. Rufaa imetupwa."

Bi Tabia alianza kukusanya mtandio wake. Fundi Hatibu hakuondoka.

"Waheshimiwa, nina ombi moja. Naomba kuligusa kasha."

Wakili wa Mheshimiwa alicheka. Jaji Nkungwe, ambaye alikuwa amekwisha kuwaza chakula, alisema, "Mpeni aliguse. Mahakama hii haimnyimi mtu faraja."

Karani Ndimbo, aliyekuwa amehamishiwa huko kwa uzee wake, alimshika mkono na kumpeleka. Fundi aliweka vidole kwenye utepe. Fundo lilikuwa pale, limeanzia kushoto, limejipitia chini mara tatu, limemeza ncha zake. Akapitisha ukucha kando. Unyuzi wa ukindu ulichomoza, mkavu kama mfupa wa samaki.

Watu waliokuwapo walisimulia baadaye kwamba hawajawahi kuona uso wa mtu ukibadilika vile bila kutikisika.

"Kasha hili," alisema taratibu, "halijafunguliwa tangu nilipolifunga mimi."

Viti vitatu vililia kwa pamoja.

"Mrufani," alisema Jaji Nkungwe, "chunga ulimi. Mahakama ilifungua, ikasoma, ikafunga tena."

"Kama lilivyokuwa?"

"Kama lilivyokuwa."

"Na unyuzi wangu wa ukindu mkaurudisha?"

"Mahakama hurudisha kila kitu mahali pake."

"Basi naomba Mahakama ilifunge tena mbele yangu," alisema Fundi Hatibu, akavuta ncha iliyofichika, na utepe ukaanguka mezani kama nyoka aliyekufa.

Hapo ndipo historia ya sheria ya nchi hiyo ilipopata dakika kumi na mbili ambazo hazimo katika kitabu chochote. Majaji watatu, mbele ya umma, walijaribu kufunga fundo. Jaji wa kushoto alifunga la viatu. Jaji wa kulia, aliyekuwa ameamka kabisa, alifunga la zawadi, lenye masikio mawili, akalitazama kwa matumaini. Jaji Nkungwe alifunga kidole chake mwenyewe, ikabidi askari amsaidie. Hakuna aliyecheka. Wananchi walitazama kwa hasira ya kimya, hasira ya watu ambao kila mmoja wao alikuwa na kasha lake ghalani.

Katika mvutano huo kifuniko kiliteleza, na karatasi ya juu ikadondoka miguuni pa Karani Ndimbo. Karani aliiokota. Alikuwa amefanya kazi masjala miaka thelathini na mitatu na hakuwahi kusoma karatasi yoyote kwa sauti bila kuamriwa. Akavaa miwani.

"Kielelezo cha tatu," alisoma. "Maandishi ya Hakimu Mtepa mahali pa mgogoro. *Mahakama iliondoka barabara kuu, ikafuata njia inayobishaniwa mpaka mlangoni kwa mdai. Njia ni pana hatua mbili, imekanyagwa vizuri. Viatu vya Mahakama havikuchafuka.*"

Akaikunja, akaivua miwani, akairudisha karatasi kashani kwa heshima.

Ushahidi uliopata hewa

Majaji walitoka kwa dakika tisa. Waliporudi, Jaji Nkungwe alisoma uamuzi mdogo.

"Imethibitika kwamba kasha limefunguliwa. Imethibitika pia kwamba aliyelifungua si Mahakama, bali mrufani, na baada ya hukumu. Ushahidi uliomo sasa ni ushahidi uliopata hewa, na ushahidi uliopata hewa haupimiki. Hukumu inabaki ilivyo. Mrufani, kwa kuivunjia Mahakama heshima kwa kutumia fundo, ataviwamba upya viti vitatu vya Mahakama hii, bure, kwa mikono yake mwenyewe, nyumbani kwake, ndani ya siku thelathini. Kuanzia leo makasha yote ya ushahidi yatachomelewa kwa chuma."

"Mheshimiwa," alisema Fundi Hatibu, "nimewauliza kama mmesoma. Mmejibu kwa kuchomelea."

"Askari, mtoe."

Karani Ndimbo alihamishwa wiki hiyohiyo, akapelekwa kituo cha kupima mvua katika jimbo ambalo mvua hainyeshi.

Viti vitatu njiani

Siku ya tano, lori la Serikali liliteremsha viti vitatu vya mninga barabarani, na mpeleka amri wa Mahakama akavipeleka kwa wapagazi, pamoja na hati yake, mpaka kwenye ukuta. Mlinzi wa tausi alimzuia.

"Unakwenda wapi, bwana?"

"Kwa Fundi Hatibu. Nina amri ya Mahakama."

"Hata mimi ninayo. Imebandikwa hapo. Inasema hakuna njia."

Mpeleka amri alikwenda kulitazama korongo, akavitazama viti, akaandika taarifa yake: *Sikufika, kwa kuwa njia ya kufika haipo, kama ilivyoamuliwa.* Viti vikaachwa pale ukutani, upande wa barabara.

Mahakama ilifikiria kumpa kazi hiyo fundi mwingine. Lakini amri ilimtaja Hatibu Mlekwa kwa jina. Kubadili fundi kulihitaji kutengua amri. Kutengua amri kulihitaji kulipitia jalada. Na jalada lilikuwa ndani ya kasha lililochomelewa. Wakamwandikia Fundi barua, wakimwomba kwa adabu aieleze Mahakama namna ya kuufikia mlango wake. Bi Tabia alimsomea, naye akamwandikisha jibu la mstari mmoja: *Tazameni ukurasa wenu wa themanini na nane.*

Ndipo Jaji Nkungwe alipokuja mwenyewe. Alikuja bila joho, mchana wa jua kali, akasimama upande wake wa ukuta, na Fundi akaitwa asimame upande wake, kwenye lile jiwe lenye kishimo.

"Fundi Hatibu. Habari za siku."

"Salama, Mheshimiwa. Mgongo?"

"Mgongo si mzuri," alikiri Jaji Nkungwe. "Tunasikiliza kesi tumesimama. Jaji mwenzangu wa kulia alianguka juzi, hakuzoea kulala wima. Sikiliza, ndugu yangu. Nimezungumza na Mheshimiwa Kilongola. Yuko tayari kutoboa kilango, saa moja tu, viti viingie. Ukimaliza, saa nyingine moja, vitoke. Kisha pazibwe. Mambo yaishe kiungwana."

"Vitapita juu ya nini, Mheshimiwa?"

"Unasemaje?"

"Viti. Vikiingia kilangoni vitapita juu ya nini mpaka kwangu?"

Tausi mmoja alilia.

"Wewe unajua njia ipo," alisema Fundi.

"Kama mtu," alisema Jaji Nkungwe kwa sauti ya chini, "kama mtu tu, Fundi, hata mtoto anaona kwamba njia ipo."

"Mtu hana kiti hapa. Mwenye kiti ni Jaji. Jaji anasemaje?"

"Jaji amekwisha kusema."

"Basi Jaji asome. Achomoe chuma, afungue kasha, apime kilichomo, aandike kwa mkono wake kwamba amesoma. Akisoma kwa haki akaona njia haipo, nitaviwamba viti vyako hapahapa ukutani kwa kupitisha ukindu tundu kwa tundu, na sitasema neno. Mimi sikukudai ushindi, Mheshimiwa. Nilikudai kazi yako."

"Unataka nifungue makasha mangapi?" Sauti ya Jaji ilipanda ghafla, na kwa mara ya kwanza ilikuwa sauti ya kweli. "Nikifungua lako, watakuja wote. Unajua ghala lile lina makasha mangapi?"

"Sijawahi kuliona," alisema Fundi Hatibu. "Lakini nakusadiki kwamba lipo."

Alisikia viatu vya Jaji vikigeuka, vikienda. Akavihesabu mpaka vilipofika barabarani. Zilikuwa hatua mia tatu na tatu, kama siku zote.

Siku thelathini zilipita, kisha miaka. Mahakama Kuu ya Rufaa husikiliza kesi ikiwa imesimama hadi leo, na wananchi wameelezwa kwamba hayo ni mageuzi. Mabalozi huleta wageni waone. Wimbo huimbwa kwa sauti tatu kama zamani, ila mfupi kidogo, kwa sababu ya magoti. Viti vya mninga vimebaki pale ukutani. Nyasi zimechomoza katikati ya ukindu uliokatika, na vichwa vya simba vimepasuka kwa jua.

Bi Tabia alimsihi mumewe akubali kamba, ashuke naye korongoni japo mara moja kwa wiki, akawasalimie hata wateja wake. Fundi Hatibu alikataa. Kila alfajiri huvaa shati safi, hushika fimbo, hutoka kizingitini, na huhesabu kwa sauti inayosikika mpaka barabarani. Arobaini, mzizi wa mkorosho. Mia moja na tisa, tofali. Hugonga mara tatu, husubiri kwa muda ambao mtu muungwana angehitaji kufungua kasha na kusoma karatasi tatu, kisha hugeuka na kurudi, akihesabu.